Siku Mwamvua Alipotembea Juu ya Shuka

Mwaka ule funza walipoingia nchi ya kwetu, watu hawakujua ni mdudu gani. Mimi nilikuwa bado mdogo, nyumbani Kingolwira, na Kingolwira yenyewe wakati huo haikuwa na reli wala stesheni, ilikuwa mtama na nguruwe mwitu. Wazee walisema funza wameletwa na wapagazi waliotoka bara, wakawaacha njiani pamoja na majivu ya moto wao. Kila asubuhi mama alinikalisha kizingitini, akachukua mwiba wa mlimau, akanichokonoa vidole huku akinitukana mimi badala ya mdudu.

"Tulia! Funza mwenyewe katulia, wewe mwenye mguu ndiye unayerukaruka!"

Vidole viwili vya mguu wa kushoto vilikwisha kabisa. Tangu hapo sikuweza kukanyaga kwa kishindo. Nikawa natangulia kupapasa ardhi kwa kisigino, halafu ndipo naweka uzito, kama mtu anayepita kando ya mtoto aliyelala. Wenzangu wakaniita Kinyonga. Nikaoa na jina hilo hilo, na mke wangu, Mungu amrehemu, alisema faida ya mume kinyonga ni kwamba ukimtuma maziwa hayamwagiki.

Sasa sikilizeni jinsi Mungu anavyopanga. Reli ilipofika Morogoro nilikuwa mtu mzima, nabeba mizigo stesheni. Siku moja akateremka Mdachi mmoja, mwembamba, ana masanduku mengi ambayo hakutaka yatupwe. Wabebaji wenye nguvu walibeba wakatembea ile tembea ya kishujaa, kichwa kinakwenda juu na chini, na sanduku nalo. Yule Mdachi akawa anashika kifua kama anayeona mwanawe ananing'inia juu ya kisima. Halafu akaniona mimi, Kinyonga, na mzigo wangu umetulia kichwani kama umeota pale.

"Huyu," akasema. "Huyu ndiye."

Basi nilipata kazi kwa sababu ya funza. Mtu asiwadanganye kwamba kazi hupatikana kwa akili.

Nawaandikia nyinyi vijana mnaozunguka siku hizi na gari la sinema, na wale wawili watatu niliosikia wamefundishwa kushika mashine yenyewe ya kupigia picha. Mimi kuandika nilijifunza ukubwani kwa padri wa mlimani, na sikumaliza, kwa hiyo mkikuta neno limekaa upande, mlinyooshe wenyewe. Lakini kazi hiyo niliifanya kabla baba zenu hawajaota ndevu. Nilibeba kichwa cha mashine miaka mingi katika utawala wa Wadachi, huku Uluguru, na bondeni Mkata, na Kihonda ilipokuwa bado nyasi na nyati.

Jina la bwana yule sitaliandika. Sisi tulimwita Bwana Kinanda. Mashine yake ilikuwa sanduku la mti lenye jicho mbele na mpini ubavuni, inasimama juu ya miguu mitatu. Watu walimwona anazungusha mpini kama vile vinanda vya mkono vya Wazungu, wakasubiri wimbo. Wimbo hautoki. Kwa hiyo tukipita vijijini walisema, "Yule Mzungu wa kinanda bubu amekuja tena." Alisema anataka kuikusanya dunia kabla haijaharibika. Mloka akamwuliza, "Nani anaiharibu, bwana?" Bwana Kinanda akacheka kidogo, akasema tufunge mizigo.

Mloka ndiye mwalimu wangu, na habari hii ni yake. Alikuwa Mluguru wa milimani juu ya Kinole, mkubwa kwangu kwa umri, mikono minene, anapenda ugoro kuliko chakula. Alianza kama mpagazi kama mimi. Bwana Kinanda alipolazwa na homa kule Mgeta, Mloka akashika mpini, na tangu siku ile bwana mwenyewe aliushika mara chache. Mimi nilimwita kaka, naye aliniita Kinyonga kama wengine, ila yeye alilitamka kama jina la heshima.

Mpini ule una siri. Ukizungusha haraka, baadaye watu kwenye shuka la kuonyeshea wanakwenda polepole kama wamezama ndani ya asali. Ukizembea, wanakimbia kama siafu waliomwagiwa maji moto. Mloka alisema usizungushe kwa mkono, zungusha kwa pumzi. Akinifundisha aliniwekea kiganja mgongoni. "Simba akitokea, pumzi ile ile. Mwanamke mzuri akitokea, pumzi ile ile." Na simba alitokea kweli, bondeni Mkata, jike na watoto, karibu kuliko ninavyopenda kukumbuka. Bwana Kinanda alikuwa juu ya mti. Mloka alizungusha tu. Ugoro ulimtoka puani, hakufuta.

Jambo jingine, jicho la mashine usilifute kwa kidole. Kanga kuukuu iliyofuliwa mpaka imelainika, hiyo ndiyo. Na milimani usifungue kitu ukungu ukiwa bado umelala. Ngoja upande juu wenyewe, jua likishashika migomba. Mabati ya kutilia utepe wa picha tuliyafunga kwenye gunia bichi tukayatundika kivulini, maana utepe wa zamani ulikuwa na hasira, ukipata joto unawaka kama petroli.

Na watu. Watu ni kazi kuliko simba. Upande wa Matombo tulikwenda kwa wanawake wafinyanzi. Kumbe kabla yetu alipita Mzungu mwingine mwenye mashine ya picha za kusimama, akawaambia wasipumue. Sisi tulipotua miguu mitatu, wale kina mama wakaacha udongo, wakajipanga mikono chini, macho yametoka, kama washitakiwa mbele ya boma.

"Fanyeni kazi!" Bwana Kinanda akawaambia.

"Tumeshakaa vizuri, bwana," akajibu mmoja bila kufungua meno. "Wewe piga tu."

Tukamaliza utepe mzima. Aliyetikisika ni kuku peke yake. Jioni Mloka akaenda kwa bibi mmoja wao, akasalimu vizuri, shikamoo na habari za wajukuu, akakizunguka chungu cha yule bibi, akasema, "Bibi, hiki kimepinda."

"Kimepinda wapi? Wewe ndiye uliyepinda! Lete macho yako hapa!"

Kesho yake asubuhi bibi alikuwa bado ana hasira. Akachukua udongo kumwonyesha, wenzake wakamsaidia kutukana, na Mloka akazungusha mpini mpaka chungu kikasimama. Mtu huwezi kumwambia awe kama alivyo. Mpe sababu.

Sasa nije kwa Mwamvua.

Mwamvua alikuwa dada yake Mloka, tumbo moja, na nyinyi mliozaliwa mjini mjue kwamba kwa Waluguru watoto ni wa ukoo wa mama. Mjomba ndiye mwenye sauti juu yao. Mwamvua alikuwa na watoto wawili wadogo, na mlezi wao mkubwa mbele ya ukoo alikuwa Mloka. Asubuhi moja Bwana Kinanda alitaka mwanamke anayepanda kutoka mtoni na mtungi. Mloka akamtaja dada yake. Alikuwa na mwendo wake Mwamvua. Utotoni alianguka kutoka jabalini, nyonga moja ikakaa nje kidogo, kwa hiyo akitembea kaniki yake ilijitupa upande mmoja tu, na mtungi kichwani hautikisiki hata hivyo. Ungeweza kumjua kutoka ng'ambo ya bonde.

Aliambiwa asitazame mashine. Akaja kwa mwendo wake, kutoka mbali, akakaribia, akakaribia, na alipofika usoni kabisa akasimama, akalitazama jicho lile, akacheka.

"Kaka, ndiyo umekuwa mpiga kinanda? Mbona hakilii?"

Mloka hakuacha kuzungusha. Pumzi ile ile. Lakini niliona mabega yake yanacheka.

Masika iliyofuata Mwamvua alifia kwenye uzazi, yeye na mtoto.

Hapa lazima niwaeleze watani, maana bila watani hamtaelewa. Ukoo wa Mloka ulikuwa na watani wao, na mtani mlangoni pa msiba hana adabu, ndiyo kazi yake. Watani ndio wanaochimba, ndio wanaozika, na ndio wanaomwiga marehemu. Kwenye msiba ule mtani aliitwa Kobelo, mwanamume mrefu mwenye shingo kama ya korongo. Alivaa kaniki ya Mwamvua, akajitwika kibuyu, akapita katikati ya waombolezaji kwa ule mwendo wa nyonga. Mwendo wenyewe kabisa! Akamfikia mume mfiwa, akambinulia mdomo: "Kuni ziko wapi, mvivu wewe? Nimekufa hata siku haijaisha, moto umeshazimika!" Watu walilia na kucheka kwa pumzi moja. Hata Mloka alicheka mpaka akakaa chini. Ndiyo dawa yao. Mtu akishaigwa mwendo wake, mwendo umetoka, anaweza kwenda.

Halafu, muda ukipita, wanapika pombe, ukoo unakutana, jina la marehemu linarithiwa. Anayelirithi habaki kuwa yeye peke yake. Aliyechaguliwa alikuwa Zaina, binti wa mama mdogo wa Mloka, msichana mkimya aliyekuwa hajazaa. Wakamvisha shanga za marehemu, wakamwita Mwamvua. Wale watoto wakaamkia kwake, wakamwita mama, na shamba la mama yao likapata mkono. Maana mpaka jina lichukuliwe, shamba la marehemu halilimwi, na watoto wanakula mlango huu leo, mlango ule kesho. Mloka aliporudi kazini baada ya pombe ile, kwa mara ya kwanza tangu msiba aliniomba chakula.

Mimi nilirudi kazini baada ya maziko, na wakati yeye yuko bado msibani, Bwana Kinanda alikuwa ameanza mtindo mpya. Zamani tepe zote zilikwenda Ulaya kuoshwa. Sasa alijenga kibanda cha giza kando ya mto hapa Morogoro, akawa anaosha mwenyewe, mimi namsaidia, taa nyekundu, maji ya dawa yananuka kama mayai. Utepe ukitoka mara ya kwanza, watu ni weupe na meno yao meusi, huwezi kumjua mama yako mzazi. Baadaye anatoa nakala ndiyo watu wanageuka watu. Hiyo ya nakala aliifanya peke yake.

Kisha akasema wale wote tuliowapiga picha waje wajione. Alifurahi kweli, msimfanye mtu mbaya. Akatangaza mpaka milimani. Siku ya gulio, walioleta ndizi na mboga wakabaki mjini, na jua lilipozama tukakusanyika ghalani stesheni, shuka jeupe limetundikwa, taa ya karabai inalia sssss. Ukoo wa Mloka walikuja wote, na Zaina na wale watoto wawili, na watani wao pia, maana watani hawakosi penye kukaa bure.

Walianza simba. Watu wakapiga kelele, mzee mmoja akatoka nje akarudi. Wakaja wale kina mama wafinyanzi wasiopumua, ghala zima likavunjika mbavu. Halafu shuka likawa jeupe kidogo, na kutoka mbali, mbali kabisa, mtu akaanza kupanda njia, mtungi kichwani, kaniki inajitupa upande mmoja.

"Kobelo!" akapiga ukelele mmoja wa ukoo. "Kobelo huyo! Wamempiga picha Kobelo msibani!"

Kicheko kikaanguka kama mvua. "Mtani mchawi wewe!" "Hebu ona anavyoitupa nyonga!" "Kaniki hujarudisha, na mtungi nao umeiba?" Walidhani ni utani wa msibani, wameuona kwa macho yao, wangedhani nini kingine? Yule mtu akazidi kukaribia. Watoto wa Mwamvua nao walicheka, wanapiga makofi. Mimi nilikuwa nyuma karibu na taa, namtazama Mloka aliyeshika mpini wa mashine ya kuonyeshea. Mkono wake haukusimama. Uso wake ulikuwa umeshakwenda mahali pengine.

Ndipo katikati ya wale watu mtu mrefu akasimama, shingo kama ya korongo, kivuli chake kikapanda mpaka kwenye shuka.

"Jamani," Kobelo akasema, "mimi niko hapa."

Na Mwamvua akafika usoni, akatutazama sote, akacheka.

Kicheko kikakatika. Yule mtoto wake mdogo ndiye aliyesema kwanza. Alisema, "Mama." Hakumwelekea Zaina.

Asubuhi Zaina alimjia Mloka kibandani kwetu. Alikuwa amevua zile shanga, amezifunga kwenye jani la mgomba. Akapiga magoti.

"Shikamoo kaka."

"Marahaba. Simama."

"Kaka, jina lenu hili. Mimi siwezi kuwa mtu ambaye mwenyewe bado anatembea."

"Amezikwa, Zaina. Ulikuwepo."

"Nilikuwepo. Na jana pia nilikuwepo." Akaziweka zile shanga chini, taratibu. "Mtoto usiku kucha ananiuliza mama ameingia wapi ndani ya shuka. Nimwambie nini?"

Wazee walikaa wakasema vivyo hivyo. Jina halikai pawili. Muda wote Mwamvua anatembea na mwendo wake, hakuna wa kulipokea, na hao watoto warudi kula milangoni kwa watu. Mloka akaenda kwa Bwana Kinanda, nami nikaenda naye, nikasimama mlangoni.

"Bwana, nipe dada yangu."

Bwana Kinanda alielewa upesi, Kiswahili alikijua. Akamkalisha kitini, jambo ambalo Wadachi hawakulifanya. "Mloka, dada yako yuko salama. Atavuka bahari. Watu wa kwetu watamwona, na watoto wao watamwona. Hatakufa tena."

"Hilo ndilo nililokuja kukulilia, bwana."

"Basi sitamwonyesha hapa. Nakuapia. Huko kwetu tu."

"Shuka la kwenu si shuka?"

Bwana akainuka, akazunguka meza. "Nikikupa wewe, kesho atakuja mwingine kumchukua mama yake, na mwingine babu yake. Nitabaki na nini?"

"Utabaki na wanyama, bwana," Mloka akamjibu. Hakusema kwa ubishi. Alisema kama mtu anayemsaidia mwenzake kuhesabu.

Bwana Kinanda akasema hapana. Alisema kwa upole, lakini hapana ya Mdachi mwaka ule ilikuwa na boma nyuma yake, na kiboko, na mnyororo. Mloka akashukuru, akatoka, akaenda kufuta jicho la mashine kwa kanga.

Nitawatangulizia mwisho wa Zaina kabla sijasahau, maana mimi siku hizi huanza safari nikasahau ninakokwenda. Zaina leo ni bibi kizee, na ukifika milimani ukamwulizia Zaina hakuna atakayekuonyesha. Ulizia Mwamvua. Shanga alizipokea tena, wale watoto aliwalea, na wa kwake wakafuata. Walionisimulia walisema kulizikwa bati moja kando ya kaburi la marehemu, na Kobelo alilala ndani ya shimo lile dogo akikunja miguu, anadai kuku kwanza, anasema hajawahi kuzika mtu mwembamba vile na bei yake ni tofauti. Walimpa kuku.

Lakini mimi nilichokiona kwa macho ni hiki. Mabati yalikuwa yanapelekwa Dar es Salaam kwa garimoshi, yapate meli. Tulitoka asubuhi, jua liko wazi, Mloka na mimi na wapagazi wengine, tukayapanga jukwaani stesheni. La Mwamvua lilikuwa moja, utepe wa kwanza na nakala yake humo humo, na sisi tuliobeba tulijua ni lipi. Bwana Kinanda alikuwa anazungumza na karani. Askari wawili walisimama mlangoni na bunduki zao.

Mloka akateremsha mzigo wake. Akanyoosha mgongo. Akachukua ugoro, akavuta, akakung'uta vidole. Halafu akainama, akaliinua lile bati moja, akaliweka kwapani, si kwa kulificha, kama mtu anayechukua kilicho chake. Akaniangalia.

"Kinyonga, pumzi ile ile," akasema.

Akashuka jukwaani. Askari wakamwona mtu wa Bwana na bati la Bwana, wakampisha. Bwana Kinanda akageuka. Alimwona. Aliona bati, akaona mgongo, akaona njia ilikoelekea, milimani, siyo garini. Mkono wake ukainuka kuita askari; mdomo ulikuwa umeshafunguka.

"Anakwenda wapi yule?" akaniuliza mimi.

"Anakwenda kuzika, bwana."

Mkono ulibaki juu. Sijui aliona nini. Halafu mkono ukashuka, akavua kofia yake, akaishika mbele ya tumbo.

Mloka alivuka reli. Akapita uwanja wa ng'ombe, akapita watu waliokuwa wanashuka na ndizi za gulio, wanamsalimu naye anaitika. Hakukimbia, wala hakugeuka. Njia ikaanza kupanda, akapanda nayo. Sikumwona tena.